Ijumaa za Marabi

Mimi si mtu wa kulia matangani. Ami yangu Nassor tulipomzika wiki iliyopita, nilishughulika na vikombe, na thermosi za kahawa, na simu za jamaa wa Unguja waliotaka kujua kazikwa wapi na saa ngapi. Kila mtu aliponitazama kuona kama ntalia, nilimuuliza kama ameshakula. Siku ya tatu, baada ya adhuhuri, wageni walikuwa wameshaondoka, nami nikawa jikoni kwa ami, Madinat Sultan Qaboos, hapa Muscat, nakata ndimu za chakula cha jamaa. Simu ikalia mara moja. Ujumbe ulikuwa mfupi: "Pole sana kwa msiba wa mudir. Mtu wa huko ameniambia leo. Mungu awape nguvu. Kilonzo." Nikaweka kisu chini. Mudir ndivyo wafanyakazi wa gereji walivyomwita ami, yaani bosi, na huyu Kilonzo aliacha kuwa mfanyakazi wake miaka ishirini na sita iliyopita. Kila Krismasi namtakia heri, zamani kwa barua, siku hizi kwa simu, naye hunijibu "Nawe pia", ingawa anajua vyema kuwa si sikukuu yangu. Tumeulizana habari za afya, mvua na watoto. Jambo moja hatujaligusa, na ndilo ninaloliandika hapa, maana nimechoka kulizunguka.

Mwaka ule nilikuwa na miaka ishirini na tano na kichwa kigumu. Wenzangu walikuwa wakiolewa au wakiajiriwa wizarani, mimi nimeshikwa na vitabu vya marabi, wale wanavyuoni wa Kiyahudi wa zamani ambao kwa mamia ya miaka walikaa wakibishana juu ya sheria yao: maji gani yanatwaharisha, ng'ombe wa mtu akimpiga pembe wa jirani nani alipe, kitu kilichookotwa njiani ni cha nani. Mtu aliyelelewa na vitabu vya fiqhi akiyasoma yale anajiona amekaribishwa nyumba ya pili ambayo jiko lake liko pale pale anapopajua. Chuo kimoja cha nje kilikubali kunipokea kwa sharti kwamba mwezi wa sita nikae mbele ya walimu watatu, nisome ukurasa wa marabi kwa sauti, kisha niutetee. Na nyumbani kulikuwa na sharti la pili: barua ya ruhusa kutoka kwa Ami Nassor, aliyekuwa walii wangu, yaani msimamizi wangu kisheria. Ami nilimwambia nakwenda kusoma historia ya fiqhi. Haikuwa uongo, wala haikuwa kweli, na kwa hali ya dunia ilivyokuwa, sikuthubutu kuimalizia.

Kilonzo nilimpata Wadi Kabir, mtaa wa magereji. Nilipeleka gari gerejini kwa ami kubadilishwa breki, nikaingia stoo kukimbia jua, na kati ya rafu za spea alikaa mwanamume wa miaka thelathini na kitu, miwani imefungwa waya pembeni, anakula wali wa dengu kwa mkono mmoja na kwa mwingine ameshika kijitabu cha sarufi ya Kiebrania. Nilidhani macho yananidanganya. Nikamsalimu kwa Kiswahili, akasimama kwa haraka hata dengu zikamwagika. Alikuwa Mkamba kutoka Kenya, amesoma theolojia miaka mitatu akitaka kuwa mwalimu, mambo yakamharibikia nyumbani, akaja Muscat kuhesabu feni belti na bolti. Kiebrania alikuwa akikisoma peke yake kila saa ya chakula ili kisimtoke. Mimi nilikuwa na juzuu moja la marabi, kubwa kama sinia, nililolinunua mwenyewe London na kuliingiza nyumbani katikati ya mashuka ya zawadi. Nilikuwa na kitabu na sina mwenzangu wa kusoma naye, na vitabu vile havisomwi na mtu mmoja. Desturi yao ni kusoma wawili wawili, kwa sauti, na kazi ya kila mmoja ni kutafuta kosa la mwenzake. Mtu anayesoma kimya peke yake wanamhesabu hajasoma.

Mwanamume na mwanamwali hawawezi kujifungia chumbani, hilo halikuhitaji rabi. Shangazi Zeyana, dada yake ami, mjane aliyekuwa na nyumba yake Bawshar, akakubali kuwa mtu wa tatu. Tukakutana kwake kila Ijumaa alasiri, sisi tumeshasali, Kilonzo ameshatoka kanisani, maana makanisa ya Muscat nayo husali Ijumaa. Kilikuwa chumba cha kushonea, kando ya mlango wa nje: zulia jekundu, mito ya kuegemea, kiyoyozi kinachotoa maji kwenye ndoo, na kaseti zilizopangwa juu ya kabati. Shangazi alikaa pembeni anashona kofia, ile kazi ya kutoboa vitundu na kuvizungushia uzi ambayo kofia moja humaliza mwezi. Chai ya maziwa ilikuwa tayari, na mkate wa kumimina, na katlesi kama Kilonzo alikuja na njaa, na siku zote alikuja na njaa. Sharti la Shangazi lilikuwa moja. Likisikika gari la ami nje, kitabu kinaingia chini ya vitambaa vya kofia na sisi tunaonekana tunasoma nahau ya Kiarabu, kama ami alivyoambiwa. Kwa hiyo mwaka mzima nilisoma sikio moja liko dirishani. Mpaka leo nikisikia mlango wa gari unafungwa, mkono wangu unataka kuficha kitu.

Wiki tatu za mwanzo hatukufika popote. Ukurasa wa marabi una maneno ya asili katikati, na pembeni, pande zote, wafafanuzi wa karne zilizofuata wanapingana na yale ya katikati na wao kwa wao. Aliyeshindwa hoja hafutwi, anaandikwa palepale na aliyemshinda. Basi mimi nasoma, natafsiri, nikikwama neno la Kiaramu, lugha ya pili ya marabi, nalipapasia kwa Kiarabu changu, kisha nauliza, "Unaonaje?" Naye Kilonzo anasema, "Ni sawa, madam." Nikitafsiri upuuzi, ni sawa, madam. Ijumaa ya tatu Shangazi akakata uzi kwa meno, akasema bila ya kuinua macho, "Zuwena, huyu anakuogopa." Kilonzo akatabasamu, akatazama zulia. "Si kuogopa, mama. Lakini mimi visa yangu iko kwa mudir, na huyu ni mtoto wa nyumba ya mudir. Siku nikimwambia amekosea, akaenda nyumbani amekasirika, mimi niko wapi?" Nilikuwa sijafikiria, na hilo ndilo linaloniuma zaidi nikikumbuka: nilikuwa na miaka ishirini na tano, nimesoma, na sikuwahi kufikiria kwamba mtu aliyekaa mbele yangu anakula na kulala kwa saini ya mtu wangu. Shangazi akasema, "Humu ndani hamna mudir. Humu mna mimi. Na mimi nnataka kusikia mkibishana, la sivyo nikalale." Kisha akamwambia aache kuniita madam. Hilo hakuliweza, lakini Ijumaa iliyofuata nilipofasiri vibaya alivuta pumzi, akasema, "Hapana, madam. Hapo umeharibu kabisa," na mimi nikakasirika kweli kweli, masikio yakanipata moto, na ndipo tulipoanza kusoma.

Ukurasa tuliouchagua kwa mtihani ni wa watu wawili wanaokuja kwa kadhi wameshika nguo moja. Huyu anasema yote yangu, na huyu anasema yote yangu. Hukumu yao ni kwamba kila mmoja ale kiapo, kisha wagawane. Lakini kiapo chenyewe kimepangwa kwa namna ya ajabu: haapi kwamba nguo yote ni yake, anaapa kwamba ana fungu ndani yake, na fungu hilo halipungui nusu. Ijumaa tano tulipigana juu ya kiapo hicho. Mimi nilishikilia kwamba ni upumbavu kumwapisha mtu unayemshuku, maana aliye tayari kupora nguo yuko tayari kuapa. Kilonzo alisema, "Wewe unaanza na kwamba mmoja ni mwizi. Wao hawaanzi hapo. Labda waliiokota pamoja, sekunde moja. Wametafuta kiapo ambacho wote wawili wanaweza kukila na hakuna aliyedanganya. Si unaona huruma iliyomo?" Nikamwambia sheria haikutungwa kwa ajili ya huruma. Akasema sheria isiyo na huruma ni ya polisi. Shangazi akaweka kofia magotini. "Nyie mnagombana bure," akasema. "Kwanza semeni, nguo imeshikwa wapi? Mmoja kashika pindo na mwengine kakumbatia guo zima, mtawagaia sawasawa?" Kilonzo akafunua kurasa chache mbele, akasoma, akaanza kucheka mpaka miwani ikamvuka. Marabi walikuwa wameuliza vilevile: kila mmoja achukue mpaka pale mkono wake unapofika, wagawane kilichobaki. "Mama, wewe umekaa nao," akamwambia. Tangu siku hiyo Shangazi hakuwa tena mtu wa tatu wa heshima. Nilikuwa nikimsikia jikoni akimweleza mfanyakazi wake mambo ya nguo na pindo, tena akijibishana mwenyewe.

Nasomesha somo hili sasa, na wanafunzi huniuliza nilijifunzia wapi. Nawataja walimu wa nje. Ukweli ni kwamba walimu wale walinifundisha tarehe na majina, lakini kusikiliza hoja ya mtu mpaka mwisho huku natamani kumnyamazisha nilijifunza Bawshar, kati ya kofia na katlesi. Na bado mwalimu yule simtaji. Katika tasnifu yangu kuna ukurasa mzima wa shukrani, nimemshukuru hata mtunza maktaba, nimemshukuru Shangazi kwa chai yake. Kilonzo hayumo, kwa sababu ami angeweza kuisoma.

Mwezi wa tano mtihani ulikuwa umekaribia, nami nikafanya jambo la kijinga. Nikampa Kilonzo kitabu aende nacho Wadi Kabir, ajitayarishe saa za chakula, Ijumaa anibane maswali kama watakavyonibana. Hakutaka. "Kikionekana, itakuwa maneno," aliniambia. Nikamwambia akifunge gazeti akiweke chini ya meza, nani ataingia stoo kutazama chini ya meza. Akanitazama kidogo, akakichukua. Siku ya Jumatano mteja mmoja mkubwa wa ami aliingia mwenyewe stoo kufuata taa ya gari lake, akamkuta Kilonzo ameinamia maandishi ya Kiebrania na wali pembeni. Mteja hakusema kitu pale. Alikwenda kusema juu, ofisini.

Ijumaa hiyo hatukusikia gari. Ami aliliacha barabarani, akaja kwa miguu, akaingia chumba cha kushonea anapangusa jasho. Kitabu kilikuwa mkononi mwake, ndani ya mfuko wa plastiki, na ndipo nilipofahamu kwa nini Kilonzo alikuja mikono mitupu na hajagusa chai. Ami hakupaza sauti. Ingekuwa rahisi kama angepaza. Alikaa, akamwomba dada yake kahawa, akanywa vifinjani viwili, akatikisa cha mwisho kuonyesha ametosheka. Kisha akakitoa kitabu akakiweka juu ya zulia kati yetu, taratibu, maana alikuwa mtu asiyetupa kitabu chochote. "Nimeletewa habari mbele ya watu," akasema. "Nimeulizwa kama gereji yangu imekuwa madrasa ya Mayahudi. Mimi na kitabu hichi hatuna ugomvi. Nnataka kujua jambo moja tu. Cha nani?"

Kiyoyozi kilikuwa kinadondosha maji kwenye ndoo. Kilonzo alinitazama. Hakuniomba, hakunikonyeza, alinitazama tu kama alivyokuwa akinitazama nikikwama katikati ya sentensi, akinipa nafasi. Barua ya ruhusa ilikuwa haijatiwa saini. Ilikuwa ndani ya droo ya ami, nami niliiona kule kama naiona hii karatasi. Nilijua vizuri kabisa kitakachomfika Kilonzo, alikuwa ameshaniambia mwenyewe katika chumba kile kile. Nikasema, "Cha Bwana Kilonzo."

Ami akamgeukia. "Kweli?"

Shangazi alikuwa na sindano mkononi na uzi hauendi. Kilonzo akavua miwani, akaifuta kwa shati, akaivaa. "Kweli, mudir," akasema. "Ni changu."

Mwaka mzima tulikuwa tumesoma habari za watu wawili wanaovutana nguo, kila mmoja anasema yangu. Sikupata kuona popote, katikati ya ukurasa wala pembeni, walipojadili watu wawili ambao mmoja ameisukuma nguo yake mwenyewe mikononi mwa mwenzake. Ami alisema hataki fitina wala polisi, visa itafutwa kwa wema, tikiti atamkatia yeye, na aondoke baada ya siku tisa. Kilonzo akasema ahsante. Akasimama, akamwambia Shangazi, "Mama, asante kwa chakula," akatoka, na viatu vyake nilivisikia mpaka getini.

Siku tisa ni nyingi. Nilijiambia barua ikishatiwa saini ntasema. Barua ilitiwa saini Jumanne, siku ya nne. Nikajiambia ntasema nikishaipeleka. Niliipeleka Jumatano. Alhamisi nilikwenda mpaka Wadi Kabir, nikaegesha gari ng'ambo ya gereji, nikamwona kupitia kioo anamkabidhi kijana wa Kihindi kutoka Kerala funguo za stoo, anamwonyesha rafu moja moja kwa kidole, kwa utaratibu, kama mtu atakayerudi Jumamosi. Nikawasha gari nikaondoka. Ijumaa Shangazi alipika pilau na kumpelekea kwa dereva. Sinia liliporudi tupu alilikosha mwenyewe, akalikausha, akakaa nalo mapajani. "Nna miaka sitini na mbili," akaniambia, "na sijapata kujiona mwoga mpaka juzi. Nilikuwepo, Zuwena. Kinywa nnacho. Mwaka mzima nimebisha maneno ya watu waliokufa zamani, na alipoulizwa aliye hai nimenyamaza." Nikamwambia anyamaze hivyo hivyo mpaka niondoke. Ndivyo nilivyomjibu. Jumapili Kilonzo akapanda ndege, na mwezi wa sita nikafaulu mtihani kwa alama za juu. Mmoja wa wale walimu watatu alisifu jinsi nilivyokitetea kile kiapo. Nilimpa hoja ya Kilonzo, neno kwa neno, hata huruma.

Shangazi alifariki mwaka wa nne wa masomo yangu, ikawa hakuna shahidi aliyebaki kwetu. Na katika ukoo wetu kisa kikawa mzaha. Kila tukikusanyika, Harith, mtoto mkubwa wa ami anayeendesha gereji sasa, huwapigia watoto hadithi ya Mkenya aliyejificha stoo na kitabu cha Kiyahudi akitaka kumpotoa Zuwena, na baba akamtimua. Hukiiga Kiswahili chake, humpa sauti ya mtu mwongo mwongo. Watu hucheka. Nami nimecheka, mara nyingi, kwa sauti, huku namimina chai. Wanafunzi wangu wakinihadithia ya namna hii ningewaambia wana haki ya mja shingoni, deni la binadamu mwenzao, na haki ya mja haifutwi kwa sala ya mtu wala kwa funga yake.

Basi siku ile ya tatu ya matanga, mikono ina ndimu, nilimpigia. Aliitika kwa furaha, nyuma yake kengele ya shule inalia, maana siku hizi anafundisha chuo kidogo cha theolojia upande wa Machakos. Alianza tena kunipa pole. Nikamkata. "Mwalimu," nikasema, "kile kitabu kilikuwa changu. Nilisema uongo, ukafukuzwa kwa ajili yangu, na nimekaa na hilo miaka yote hii. Nisamehe." Machozi yalinitoka pale, mimi nisiyelia. Sebuleni nilimsikia Harith ameanza: mnajua babu yenu alivyomfukuza yule Mkenya.

"Zuwena," akasema Kilonzo. Hakuwahi kuniita kwa jina. "Mimi nilikuwepo. Unaniambia kitu nilichokiona na macho yangu. Wasiojua ni hao watu wako."

Alikuwa sahihi, na nilikasirika kama zamani, moto mpaka masikioni, nikatafuta hoja ya kumpinga. Ami keshazikwa, watu wana huzuni, leo si siku yake. Nilizipima zote na hakuna iliyosimama. Nikamwambia, "Usikate." Nikaingia sebuleni. Walikuwa kumi na tano hivi wamezunguka masinia, watoto mbele, Harith ameinua kidole anaigiza sauti. Nikaiweka simu juu ya kitambaa cha chakula, nikabonyeza spika, nikasema, "Harith, ngoja. Kitabu hakikuwa chake. Kilikuwa changu, nilikinunua mwenyewe, nami ndiye niliyempa aende nacho. Baba yako aliniuliza na nilimdanganya, na mtu huyu hakunifichua. Yuko hapa kwenye simu anasikia."

Harith alishusha mkono. Mtoto mmoja akauliza huyo ni nani, mama yake akambana bega. "Sasa unatwambia leo?" akasema Harith. "Baba keshaingia kaburini, leo?" Nikasema ndiyo, leo, na kwamba nilikuwa na siku tisa za kumwambia yeye, kisha miaka ishirini na sita, na zote nimezila. Tulikaa hivyo wote tunaitazama simu katikati ya masinia, nami nangoja aseme amenisamehe, nangoja kwa roho yangu yote.

"Nimesikia," akasema Kilonzo, akakata.